Vipandio Ishirini na Kimoja

3 Januari 1983

Daftari hili nilimnunulia mjukuu, lakini mjukuu hataki daftari lenye picha ya paka. Basi nimelichukua mimi. Nina miaka sitini na minane na paka hanisumbui.

Asubuhi simu imelia. Nikadhani ni Lígia, binti yangu, anayepiga kila Jumatatu kuhakikisha sijafa. Kumbe ni kijana anaitwa Otaviano Brandt, mwongozaji wa televisheni. Anataka kufufua maonyesho ya zamani ya Uwanja wa Tiradentes, yale ya nyimbo, vichekesho na wasichana wenye manyoya, katika Ukumbi wa Alvorada. Akasema onyesho kama hilo halikamiliki bila Nilde Coral. Nikamwambia amesema kweli.

Miaka hamsini na miwili nipo kazini. Nilianza na miaka kumi na sita, wa mwisho kwenye mstari wa wasichana, bado naitwa Ivanilde dos Prazeres, mtoto wa mkata miwa wa Campos. Nikawa nyota. Nikaimba redioni. Nikacheza filamu kumi na tisa ambazo ndani yake nilibusiwa mara nyingi kuliko nilivyopewa maneno ya kusema. Siku hizi televisheni inaniita ikitaka bibi wa kufa kwenye tamthilia. Nimekwisha kufa mara sita. Safari hii wananiita nikiwa hai.

4 Januari

Nimemwambia Eponina. Huyu ndiye mvalishaji wangu tangu mwaka arobaini na mbili. Amenifunga ndoano za gauni mgongoni mara nyingi kuliko waume zangu watatu walivyozifungua. Aliendelea kumenya viazi.

"Wanakutaka ufanye nini?"

"Nishuke ngazi, nini tena?"

"Na goti lako wamelitaka pia, au wewe peke yako?"

5 Januari

Nimerudi na hasira mpaka sikioni.

Ukumbi wa Alvorada umepakwa rangi, lakini harufu ni ile ile, ya poda, panya na jasho. Katikati ya jukwaa kulikuwa na kiti kikubwa chekundu chenye kingo za dhahabu.

"Cha nani hiki?"

"Chako, Bi Nilde," akasema Otaviano. Ana ndevu chache na sauti ya kubembeleza watoto. "Kiti cha malkia. Pazia likifunguka upo umeketi chini ya ngazi, taa inakumulika, tunapiga ile santuri yako ya mwaka arobaini na nane. Wewe unachezesha midomo tu."

"Na ngazini anashuka nani?"

"Rosicler."

Anayeshuka wa mwisho ndiye nyota, hilo hata wauza karanga wa nje wanalijua. Vipandio ishirini na kimoja, hakuna pa kushika, viatu vya mchuchumio, manyoya ya kilo kumi na mbili mgongoni, na hutazami chini. Hata mara moja. Macho kwa watu, meno nje. Enzi zetu aliyetazama miguu alirudishwa nyuma ya mstari siku hiyo hiyo.

"Kwa hiyo mimi ni fanicha," nikamwambia.

"Wewe ni heshima ya onyesho, mama."

"Heshima ikae. Mimi nashuka, na naimba kwa koo langu."

Alicheka. Nilimwacha acheke.

6 Januari

Joto. Koo langu bado lipo. Nimelijaribu bafuni, jirani akagonga ukuta.

9 Januari

Lígia amekuja na keki ya mahindi na sura ya msiba. Otaviano amempigia simu! Amenisemea kwa binti yangu kama mtoto aliyevunja dirisha.

"Mama, utaanguka mbele ya watu."

"Nimeanguka mbele ya baba yako, hakuna kibaya zaidi."

"Sikutanii. Kaa kwenye hicho kiti. Watu watalia, watapiga makofi, utarudi nyumbani mzima."

Lígia anafanya kazi benki. Utotoni alikuwa akiwaambia wenzake shuleni kwamba mama yake ni mshonaji. Nilijua na nilinyamaza. Leo nimemwambia nitashuka hata akileta padri.

14 Januari

Mazoezi ya kwanza. Nimekwenda bila kuitwa na kukaa mstari wa tatu na feni yangu ya mkono.

Rosicler ana miaka ishirini na minne, miguu mirefu, na macho yaliyonata kwenye viatu vyake. Kila kipandio anakitazama kama anavuka mto. Mpiga kinanda, mzee Gumercindo, alimpigia kelele ya "mavi", ndivyo sisi watu wa jukwaani tunavyotakiana heri, na msichana akajibu "asante". Ukumbi mzima ukakaa kimya. Asante haisemwi, inaleta mkosi. Mtoto wa watu hakujua amekosea nini. Nilicheka mpaka machozi, Mungu anisamehe.

15 Januari

Mvua.

17 Januari

Mvua. Lifti ya jengo imekufa. Ghorofa tano kwa miguu.

22 Januari

Nimembana Otaviano mlangoni pa ofisi yake. Nikamwuliza mbele ya mafundi kama anaogopa bibi kizee. Wanaume wa aina yake hawapendi kuulizwa maswali mbele ya mafundi.

"Sawa," akasema. "Tarehe tano Machi utashuka mara tatu mfululizo, viatu miguuni, manyoya mgongoni. Bila kusita, bila kutazama chini, kama mlivyokuwa mnafanya. Ukiweza, kiti kinatoka, na unaimba mwenyewe. Ukishindwa hata mara moja, unakaa, na santuri inaimba."

"Andika."

"Bi Nilde, jamani."

"Andika." Akaandika.

23 Januari

Mafundi wa lifti wamekuja. Nimewafukuza. Ngazi za jengo ndizo zangu sasa. Asubuhi mara nne na jioni mara nne, kwa viatu vya mchuchumio na gauni la kulalia. Wapangaji wengine wameninunia, shauri yao.

30 Januari

Goti limevimba kama embe. Eponina analikanda kwa maji moto na chumvi. Nilitegemea anipe moyo, kama kawaida yake. Akanyamaza tu.

"Hutaki nishuke," nikasema.

"Sijasema kitu."

"Ndiyo hicho ninachokuambia."

Akabana kitambaa kwa nguvu nikapiga ukelele.

8 Februari

Mara sita asubuhi, sita jioni. Sitazami chini. Mguu unajua.

15 Februari

Jumanne ya Kanivali. Nimeshuka barabarani na kofia yangu ya zamani. Mwanamume aliyevaa kama nesi akanikumbatia: "Nilde Coral, nilidhani umekufa." Nikamwambia na mimi nilidhani yeye ni mwanamke.

20 Februari

Mwandishi wa gazeti amekuja nyumbani, kijana mwenye adabu. Nimemsimulia ile ya mwaka thelathini na nane, ambayo nimewasimulia wote.

Tulikuwa kwenye onyesho kubwa la Nicanor, mwenye kampuni, aliyekaa safu ya mbele na fimbo yake. Wasichana kumi na wawili walinitangulia ngazini. Kwenye kipandio cha tisa mmoja wao akateleza kwa unyoya uliodondoka. Nilimsikia akianguka. Sikutazama chini. Niliinua mguu, nikamvuka, nikaendelea kuimba, na ukumbi wote ukasimama. Kesho yake jina langu likapanda juu ya bango na halikushuka miaka ishirini.

"Na yule msichana?" akauliza kijana. "Aliitwa nani?"

Hakuna aliyewahi kuniuliza hilo. Nikamwambia ukweli, sijui. Alikuwa ameingia siku chache tu kumshikia mgonjwa nafasi, wote wamevaa wigi za aina moja, na baada ya hapo hakurudi.

Eponina alikuwa akimimina kahawa. Akaiweka birika mezani, akachukua mkoba wake, akaondoka bila kuaga. Uzee huo. Sote tunao.

21 Februari

Eponina hajaja.

22 Februari

Hajaja. Mvua tangu alfajiri. Nimejifunga viatu mwenyewe.

24 Februari

Nimekwenda Madureira kwa treni, anakokaa Eponina. Miaka arobaini na mmoja anakuja kwangu, mimi kwake nimekwenda mara mbili, zote mbili misiba. Niliuliza nyumba kwa muuza mikate. Maji ya mvua yalikuwa yanapita barabarani na taka zote za Kanivali.

Nilimkuta mezani, anashona gauni la mtu. Hakushangaa. Akanipa taulo nijifute.

"Unaumwa?"

"Siumwi."

"Basi kuna nini? Siku nne, Eponina. Nina mtihani tarehe tano na wewe unanisusia kama mke mwenza."

Akakata uzi kwa meno. "Yule kijana alikuuliza jina la msichana."

"Aliniuliza. Sikumdanganya, silijui."

"Lilá," akasema. "Waliniita Lilá kwa sababu Eponina halikukaa vizuri kwenye karatasi ya onyesho."

Sikuelewa. Naandika hapa kwamba sikuelewa, kwa sababu ni kweli, nilikaa pale na taulo kichwani nikimtazama kama mjinga. Ndipo nikatazama mguu wake. Mguu anaouburura. Miaka yote aliniambia aligongwa na tramu, na mimi nikaamini tramu.

"Kiatu chako cha kushoto kilikuwa na kifungo kilicholegea," akasema. "Cha dhahabu. Kilinipita hapa." Akagusa shavu. "Nilikaa hospitalini miezi mitano. Nyonga haikuunga vizuri. Nilikuwa na miaka kumi na tisa."

Kwanza nilikasirika. Nalo naliandika. Nilimwambia haikuwa kosa langu, hiyo ndiyo ilikuwa kanuni, ningesimama Nicanor angenitupa nje na yeye angekuwa amevunjika vile vile. Nilisema mengi na kwa sauti kubwa. Eponina alisubiri nimalize, kama anavyonisubiri nikichelewa kuvaa.

"Najua kanuni," akasema. "Na mimi niliifuata. Ule unyoya ulikuwa mweupe, mkubwa hivi. Ningetazama chini ningeuona."

Nikalitoa taulo kichwani.

"Mbona hukuniambia?"

"Ningekuambia, ungesema pole, ungeninunulia maua, basi. Mimi nilitaka kazi. Nikaja kwako kuomba kazi, ukanitazama usoni, ukaniuliza kama najua kushona shanga." Akavuta uzi mpya. "Kisha nikazoea. Hata nikakupenda. Ila kila ukiisimulia ile hadithi nilikuwa nasubiri ufike kwenye jina."

Aliisikia mara ngapi? Kwenye vyumba vya kuvalia, redioni, kwenye sherehe zangu za kuzaliwa. Alikuwa amesimama pale ana sahani mkononi.

Nilimwomba radhi. Nilivyosema sikumbuki, najua nililia, na mimi kulia kwangu huwa ni kazi ya kulipwa. Hakunipa jibu. Alinipa supu ya maboga na kunisindikiza stesheni akiwa na mwavuli. Mlangoni pa treni akasema, "Jumatatu nakuja. Goti hilo hulifungi inavyotakiwa."

25 Februari

Sikufanya mazoezi.

28 Februari

Amekuja. Amelifunga goti. Hatujazungumza ila habari za bei ya vitunguu.

2 Machi

Nimewaza sana. Kanuni ile ilikuwa ya nani? Ngazi si yetu, mguu ni wetu, shingo ni yetu. Mabwana wa viti vya mbele walikuja na darubini ndogo, wakitaka mwanamke amtazame kila mmoja wao kana kwamba hana kingine cha kutazama duniani. Nicanor aliwauzia hilo. Na mimi nililibeba miaka hamsini nikiliita fani. Nimewacheka wasichana wangapi kwa ajili yake? Rosicler nimemcheka hadharani.

5 Machi

Mtihani. Otaviano kwenye safu ya mbele, Lígia pembeni yake ameukumbatia mkoba kama yuko kwa daktari. Mafundi wote wameacha kazi.

Mara ya kwanza nilishuka. Mara ya pili nilishuka. Mara ya tatu, kwenye kipandio cha tisa, goti liliita jina la mama yangu, nikajikaza nikashuka. Macho juu, meno nje, kilo kumi na mbili. Gumercindo alisimama akapiga makofi. Otaviano akawaita mafundi, maandishi yalikuwa yake. Wakakibeba kiti wakakitoa kwa mlango wa nyuma.

Nilishinda. Nilikuwa nimeitaka siku hii kwa kufa na kupona, na nilipoipata nilitaka kwenda nyumbani. Lígia alinibusu akasema, "Wewe mwanamke ni balaa," na naamini ilikuwa sifa.

Rosicler alinifuata chumbani. "Bi Nilde, nifundishe kutotazama."

"Ya nini?"

"Otaviano amesema nikitazama tena ananitoa."

Nilimwambia akae. Nikamwomba msamaha kwa kicheko cha Januari. Somo sikumpa.

10 Machi

Mvua, mvua, mvua. Tiketi zimeisha.

12 Machi

Ufunguzi, saa kumi na moja jioni. Ninaandika bado nina rangi usoni.

Nilisimama juu ya ngazi nyuma ya pazia dogo. Eponina alifunga ndoano ya mwisho. Akasema "mavi" na mimi sikujibu, kama inavyotakiwa. Kisha taa.

Mungu wangu, taa ile. Walisimama kabla sijafungua mdomo. Nikaanza wimbo kwa sauti yangu ya sasa, nzito, chini kabisa, yenye moshi wa sigara za miaka thelathini, na hakuna santuri duniani yenye sauti hiyo. Nikashuka kimoja, viwili, vitatu, kwa kanuni. Mabega nyuma. Vinane.

Kwenye cha tisa nikasimama.

Gumercindo akainua kichwa, bendi ikaanza kurudia pale pale. Nikashika gauni kwa mikono miwili, nikalinyanyua hadi kwenye goti lililofungwa, nikainamisha kichwa, nikatazama chini. Ni mbao tu. Mbao nyeupe yenye msumari mmoja uliopigwa vibaya. Nikaweka mguu wa kulia. Nikautazama ukikaa. Nikaweka wa kushoto.

Nilisikia mvua juu ya bati.

"Tazama juu, bibi!" akaita mwanamume mmoja wa mbele.

"Juu nimetazama miaka hamsini," nikamjibu. "Sura zenu nazijua. Nikianguka utanibeba wewe?"

Wakacheka, yeye pia. Nikaendelea, kipandio kwa kipandio, kila kimoja nikikitazama, bila haraka, na bendi ikanifuata mimi badala ya mimi kuifuata. Niliwasubirisha. Hakuna aliyetoka.

Nilipofika chini nikanyamazisha bendi kwa mkono.

"Mwaka thelathini na nane msichana alianguka ngazini hapa Tiradentes," nikasema. "Nimewasimulia sana, mkanipigia makofi sana. Anaitwa Eponina Vasques. Nilimvuka."

Sikuongeza neno. Sikumwita jukwaani, yeye si pambo langu. Nikaimba ubeti wa mwisho. Makofi yalichelewa kuja, na yalipokuja sikuyahesabu.

Chumbani Eponina alinivua manyoya. Baadaye akasema, "Jina la ukoo hukuwa na haja ya kulitaja."

"Nililitaka."

"Otaviano atakufukuza."

"Anifukuze."

Akapiga magoti, yeye mwenye nyonga ile, akaanza kunifungua viatu. Nikamzuia. Nikajifungua mwenyewe.

13 Machi

Otaviano alikuja saa tisa, kabla ya onyesho la jioni, amebeba magazeti mawili. Moja linanisifu, jingine linasema nimeivunja ndoto.

"Bi Nilde, ile ya jana ilikuwa ya mara moja. Leo macho juu, kama tulivyokubaliana. Ama sivyo nakutoa kwenye sehemu ya mwisho, na kesho kiti kinarudi."

"Leo natazama chini," nikamwambia. "Na kesho. Na siku utakayonitoa nitatoka nikitazama chini, nisije nikakukanyaga."

Akasema tutaonana baada ya sehemu ya kwanza, akatoka. Rosicler alikuwa mlangoni, amesikia yote. Aliingia tu akaomba pini.

Sehemu ya kwanza inafungwa na wasichana kumi na wawili, Rosicler mbele yao. Nilikwenda pembeni ya jukwaa kuangalia, Eponina akiwa nyuma yangu na pini zake mdomoni. Muziki ukaanza. Rosicler akatokea juu, akawatazama watu vizuri, akawapa tabasamu lote, kisha akainamisha kichwa akatazama miguu yake. Nyuma yake wa pili akainamisha. Wa tatu. Wote. Wasichana kumi na watatu walishuka wakitazama wanapokanyaga, polepole, na Otaviano upande wa pili wa jukwaa anapunga mikono kama anafukuza kuku, na hakuna hata mmoja aliyeinua uso.

Katikati ya ngazi wa nne aliteleza. Sijui kwa nini, labda kisigino, labda jasho. Aliyekuwa mbele yake alikiona kile kiatu kikija pembeni mwake. Akageuka, akamdaka kiunoni. Wa nyuma akamshika bega. Wakasimama wote watatu mpaka mwenzao akakaa sawa, na wale wa juu wakangoja, kisha wakashuka pamoja mpaka chini.

Nilisikia kitu kikianguka sakafuni nyuma yangu. Eponina alikuwa ametema pini zote na anapiga makofi, mikono imeinuliwa juu ya kichwa, peke yake, kabla ukumbi haujaanza.